Kalenda ya Mwanangu



Mimi ni mwalimu wa hisabati katika shule ya msingi hapa Mwanza, na ni mwanajumuiya kama wewe unayesoma. Nilipoombwa kuandika juu ya imani, nilidhani nitaandika kuhusu Rozari, kwa sababu ndiyo iliyonishika mkono nilipofiwa. Lakini kila nilipokaa na kalamu, kilichonijia ni daftari moja la mwanangu na ukurasa mmoja nilioutia motoni. Basi naandika hilo.

Nimezaliwa Igombe, ufukweni mwa Ziwa Victoria, na baba yangu alikuwa mvuvi wa dagaa. Kwa wasioijua kazi hiyo, dagaa huvuliwa usiku kwa taa. Enzi za Baba zilikuwa karabai. Siku hizi wengi wana taa za betri na sola. Mwanga huwavuta wadudu, nao dagaa hukusanyika karibu na mwanga, ndipo wavu unapozungushwa. Kazi hiyo inataka giza. Mwezi ukiwa mpevu, nuru yake hutanda ziwa zima, na taa ya mvuvi inakuwa haina tena nguvu ya kumwita dagaa. Kwa hiyo zikifika siku za mbalamwezi, mitumbwi inavutwa nchi kavu, nyavu zinatengenezwa, na wanaume wanaonekana nyumbani. Mwezi ukianza kuchelewa kuchomoza, wanarudi majini.

Nyumbani kwetu kulikuwa na kalenda ya ukutani, lakini hatukuishi kwa kalenda hiyo. Tuliishi kwa giza na mbalamwezi. Mama alikopa unga akisema atalipa giza likiisha. Fundi aliambiwa aje kuezeka wakati wa mbalamwezi, Baba akiwepo. Mimi nilijua umri wa mwezi kabla sijajua kusoma saa. Kiswahili kina neno moja tu kwa mwezi wa angani na mwezi wa kwenye kalenda, na kwetu vilikuwa kitu kimoja kweli.

Kalenda hiyo ilikuwa na kasoro moja machoni pangu: haikuijua Krismasi. Kuna miaka Krismasi iliangukia mbalamwezi, na kuna miaka iliangukia giza, na ilipoangukia giza Baba hakuwepo. Nikiwa darasa la nne nilikuwa katika igizo la Noeli kanisani. Nilishonewa gauni. Nilisimama mbele nikaangalia upande wa wanaume, benchi baada ya benchi, nikamkosa. Usiku tulipotoka nje, taa za karabai zilikuwa zimetapakaa juu ya maji kama mji mwingine, na moja ya taa hizo ilikuwa ya kwake. Nikajiambia kwamba Baba anawapenda dagaa kuliko Mungu. Nilikua na neno hilo moyoni, nikaolewa nalo, na sikumwambia mtu.

Mume wangu alifariki tarehe 14 Novemba 2022, baada ya kuugua miezi mitatu. Mtoto wetu ni mmoja tu, wa kiume, na wakati huo alikuwa na miaka 12. Alisimama makaburini bila kulia. Watu walimsifu kwamba amekuwa mwanaume. Mimi mama yake nilijua hapana, lakini nilikuwa na msiba wangu wa kubeba, nikayaacha maneno ya watu yanifariji.

Baada ya arobaini aliacha utumikiaji altareni. Alisema kanzu imekuwa fupi. Nikamshonea nyingine, haikuvaliwa. Kisha akaacha kuja Misa. Mwaka ulipotimia nilitoa nia ya Misa ya kumbukumbu, nikamwambia ajiandae. Akanijibu bila hasira, kama mtu anayesema hajui njia ya mahali fulani: "Mama, siku hiyo mimi siijui."

Mwaka 2024 Jumatano ya Majivu ilikuwa tarehe 14 Februari. Siku mbili baadaye, Ijumaa jioni, nilikuwa nafagia chumba chake nikakuta daftari chini ya godoro. Ndani kulikuwa na majedwali ya siku, yamepigwa mistari kwa rula, safi kuliko kazi yoyote aliyowahi kuniletea nimsahihishie. Kulikuwa na majina ya miezi ambayo sijawahi kuyasikia. Kulikuwa na duara mbili zilizofuatana ukurasa kwa ukurasa, moja kubwa na moja ndogo, zikinenepa na kukonda. Na kulikuwa na ukurasa mmoja usio na jedwali wala neno, wenye duara jeusi katikati na alama nyingi ndogo pembeni.

Nilimwita. Wakati huo mama mmoja wa jumuiya yetu alikuwa amekaa sebuleni, amekuja kufuata mchango.

"Hii ni nini?"

"Ni kalenda."

"Ya nani?"

"Ya nchi moja."

"Nchi gani?"

Akanyamaza. Yule mama akalichukua daftari, akafika kwenye ule ukurasa wa duara jeusi, akatikisa kichwa. "Mwalimu," akasema, "hizi alama si za kawaida. Watoto wa siku hizi wanaingizwa mambo kupitia simu. Wewe uko peke yako, uwe macho."

Mimi ndiye mwalimu ninayewaambia wazazi kila mwaka wasikimbilie kuona ushirikina kwa mtoto anayefeli. Siku ile hofu ilinishinda, na aibu mbele ya mgeni ikanishinda zaidi. Niliuchana ule ukurasa, nikatoka nao uani, nikautia kwenye jiko la mkaa, chini ya sufuria ya maharage. Mwanangu alinifuata, akasimama mlangoni mpaka karatasi ikaisha. Kisha akasema, "Umemaliza, Mama?" Akaenda kulala bila kula.

Kuanzia siku hiyo nilipata kutoka kwake "ndiyo," "hapana" na "shikamoo."

Wiki iliyofuata nililipeleka daftari kwa padri. Sitaficha: sikwenda kutubu. Nilikwenda kuuliza ni pepo wa aina gani. Padri alinikaribisha kiti, akavaa miwani, akasoma kwa muda mrefu huku akihesabu kwa vidole kama mtoto wa darasa la pili.

"Mwalimu wa hisabati," akasema mwishoni, "umeihesabu?"

"Sijaihesabu, Padri."

"Basi tuihesabu."

Tukahesabu pamoja. Nchi ile, ambayo mwanangu ameiita Nchi ya Mawe, ina miezi tisa, na kila mwezi una siku 40. Tisa mara arobaini ni 360. Wiki yake ina siku nane, na nane inaingia kwenye arobaini mara tano kamili, kwa hiyo kila mwezi unaanza siku ileile ya wiki. Zinabaki siku tano ili mwaka utimie 365, nazo zimewekwa nje, hazimo katika mwezi wowote wala wiki yoyote. Nne zina majina: Siku ya Mvua ya Kwanza, Siku ya Mavuno, Siku ya Wageni, Siku ya Mawe. Ya tano ilikuwa na jina tu kwenye orodha, Siku Isiyohesabiwa, na maelezo yake yalikuwa kwenye ukurasa ambao haupo.

"Hesabu inafunga," akasema Padri. "Haina kosa hata moja. Mtoto wako hajarogwa, Mwalimu. Ana akili, na kuna kitu anakitafutia mahali."

Akaniambia kuna mwandishi mmoja Mkatoliki, J. R. R. Tolkien, aliyezaliwa Bloemfontein, Afrika Kusini, mwaka 1892, akawa profesa Oxford, akaandika kitabu kinachoitwa The Lord of the Rings kuhusu dunia aliyoibuni mwenyewe. Naye alitunga kalenda, akaiweka kwenye viambatisho mwishoni mwa kitabu. Watu wake wadogo wana miezi 12 yenye siku 30 kila mmoja, na siku chache ziko nje ya miezi. Siku ya katikati ya mwaka haihesabiwi hata ndani ya wiki. Tena katika hadithi yake, safari ya kwenda kuuangamiza uovu inaanza tarehe 25 Desemba, na uovu unaanguka tarehe 25 Machi. Asiyezijua sikukuu zetu anapita tu. Sisi tunajua kwamba 25 Machi ndiyo siku ambayo Kanisa linaadhimisha Malaika Gabrieli kumpasha Maria habari.

Nami nikakumbuka nilichosoma chuoni, kwamba watu wa pwani yetu zamani waliuhesabu mwaka kwa miongo, kumi kumi, miongo 36, zikabaki siku tano. Waethiopia nao hadi leo wana miezi 12 ya siku 30, na mwezi mfupi wa mwisho wenye siku tano au sita. Kote kuna siku zinazobaki, zisizokubali kuingia kwenye mafungu.

"Hata kalenda yetu hii imewahi kushonwa," Padri akasema. "Mwaka 1582 Papa Gregori wa Kumi na Tatu aliondoa siku kumi ili Pasaka irudi mahali pake. Baada ya tarehe 4 Oktoba ikafuata tarehe 15. Mtakatifu Teresa wa Avila alifariki usiku huohuo. Amelala tarehe 4, kesho yake ikaitwa tarehe 15. Mungu hakumpoteza katikati."

Kisha akavua miwani. "Kwa nini arobaini?"

Nilianza kusema ni kwa ajili ya Kwaresima, lakini sauti ilikatika njiani. Nilijua ni arobaini gani. Mwanangu alikuwa amechukua siku zile 40 tulizokaa na matanga ya baba yake, akazifanya kipimo cha mwaka mzima. Mwezi baada ya mwezi, katika nchi yake, ni arobaini.

"Na ule ukurasa uliochanika?"

"Niliuchoma, Padri."

"Ulimwuliza kwanza?"

"Sikumwuliza."

Alikaa kimya. Nje watoto wa kwaya walikuwa wanajifunza nyimbo za Kwaresima, wanarudia mstari mmoja tena na tena. Akachukua karatasi, akaandika mistari michache, akaikunja. "Sina dawa nyingine," akasema. "Kamwulize. Na mpe karatasi hii, ni hesabu. Nadhani ataipenda."

Nilimwuliza usiku huohuo. Kumwomba mtoto wako msamaha si jambo tulilofundishwa. Wazazi wetu walipokosea walituletea kipande kikubwa cha samaki, tukaelewa. Nilitaka nami nipike kitu nizungukie hapo. Lakini nilikaa kwenye ukingo wa kitanda chake, nikamrudishia daftari, nikasema: "Mwanangu, nilikosea. Nilichoma kitu nisichokijua. Nisamehe."

Alikaa muda mrefu akilishika kwenye ule ukingo uliochanika. Nikamwambia kwamba nimeihesabu kalenda yake na haina kosa. Hapo akaniangalia kwa mara ya kwanza baada ya siku nyingi.

"Mama, siku ile haikuwa mbaya," akasema. "Watu wa Nchi ya Mawe hawafanyi kazi siku ile, na hawaulizani habari. Hakuna mtu anayesema 'pole.' Hakuna anayesema 'Mungu amempenda zaidi.' Wanakaa tu. Kesho yake wiki inaendelea pale ilipoishia, kama haikukatwa."

"Ndiyo siku ya Baba?"

"Ndiyo."

Nilitaka kumwambia achore upya. Akanijibu kabla sijasema. "Siuchori tena. Sasa utabaki hivyo."

Nililia kwa sababu ya yale maneno kuhusu pole. Nilikumbuka nani alikuwa amemwambia mara nyingi zaidi kwamba Mungu amempenda baba yake zaidi. Ni mimi.

Nikampa karatasi ya Padri. Iliandikwa kanuni ya Pasaka: Dominika ya kwanza baada ya mwezi mpevu ulioangukia tarehe 21 Machi au unaofuata tarehe hiyo. Na chini yake: "Kokotoa kwa miaka mitatu, uniletee." Hakusema atafanya. Lakini asubuhi nilikuta simu yangu imefunguliwa mahali panapoonyesha umri wa mwezi.

Dominika ya Matawi, tarehe 24 Machi, nilikwenda Igombe kumjulia hali Baba, na mwanangu akakubali kunisindikiza. Baba ni mzee sasa, haendi tena majini. Hukaa kwenye kigoda mbele ya nyumba akiangalia mwalo, na mkono wake bado unapenda kushika wavu. Mvua ilikuwa imenyesha mchana, dagaa waliokuwa wameanikwa wamekusanywa, harufu yao imebaki kwenye mchanga. Mitumbwi ilikuwa imelala mistari mirefu nchi kavu. Ilikuwa mbalamwezi.

Mwanangu alimwamkia babu yake, wakataniana kidogo kama desturi, kisha, bila mimi kumwambia, akatoa daftari. Baba hakuuliza lile swali langu, hii ni nini. Alifungua kurasa zile za duara mbili, kubwa na ndogo, akazifuata kwa kidole.

"Huu ni mwezi unapevuka," akasema. "Na huyu mdogo ni nani?"

"Ni mwezi wa pili, Babu. Nchi hii ina miezi miwili angani."

"Miwili!" Baba akaweka daftari magotini. "Mmoja ukizama mwingine unatoka?"

"Mara nyingi, ndiyo."

"Basi mjukuu wangu, wavuvi wa huko watakufa njaa. Giza watalipata lini?"

Mwanangu alicheka. Sisemi alitabasamu, alicheka kwa sauti, hadi jirani akageuka. Nilikuwa sijakisikia kicheko hicho tangu baba yake akiwa mzima. Wakaanza kukokotoa pamoja ni mara ngapi kwa mwaka miezi yote miwili ya Nchi ya Mawe itakosekana angani usiku mmoja, na Baba akadai kila usiku wa namna hiyo uandikwe kuwa siku ya wavuvi. Ikaandikwa.

Kisha mwanangu akaitoa karatasi ya Padri, akamsomea babu yake majibu. "Mwaka 2022, mwezi mpevu ulikuwa tarehe 16 Aprili, na Pasaka tarehe 17. Mwaka 2023, mwezi mpevu tarehe 6 Aprili, Alhamisi Kuu, na Pasaka tarehe 9. Mwaka huu mwezi unapevuka kesho tarehe 25, na Pasaka ni tarehe 31. Kanisa linahesabu kwa majedwali yake, Babu, na unaweza kupishana na wa angani kidogo, lakini kila mara mwezi mpevu unaangukia Juma Kuu."

Baba aliacha kucheza na uzi wa wavu. "Kila mwaka?"

"Kila mwaka."

"Kwa hiyo Pasaka ni ya mbalamwezi."

Alikaa akiitafakari. Kisha akasema, akiniangalia mimi na si mjukuu wake: "Ndiyo maana. Krismasi nyingi zilinikuta majini, na Dominika sizihesabu. Lakini Juma Kuu halikunikuta majini. Kuna mwaka nilirudi kazini Pasaka yenyewe jioni, mwezi ukiwa umeanza kuchelewa. Lakini Alhamisi Kuu na Ijumaa Kuu nilikuwa nyumbani, kila mwaka. Nilidhani ni bahati. Siku zote nilijiona Mkristo wa nusu. Nilikuwa nakaa benchi la nyuma kwa sababu nilinuka dagaa, na kwa sababu Desemba sikuonekana."

Nami nikakumbuka, na sijui kwa nini sikuwahi kukumbuka kabla: mkono wa Baba ukinishika kwenye Njia ya Msalaba. Baba akiwa amebeba tawi. Baba akinibeba mgongoni kutoka Mkesha wa Pasaka, nimesinzia. Alikuwepo. Mimi nilichagua sikukuu moja nikampimia imani yake yote, nikamhukumu akiwa kwenye taa yake peke yake katikati ya maji.

Nikamweleza kile tunachofundishwa, kwamba Pasaka ya Wayahudi ilikuwa jioni ya siku ya kumi na nne ya mwezi uliohesabiwa tangu kuandama, na kwamba Waisraeli walitoka Misri usiku. Mtaguso wa Nikea mwaka 325 ulipoamua Wakristo wote waadhimishe Pasaka siku moja, Kanisa halikuuacha mwezi. Hadi leo tunausubiri mwezi upevuke, kisha tunaisubiri Dominika.

"Walitoka na mbalamwezi," Baba akasema. "Vizuri. Watu wengi vile, na watoto, wangetembeaje gizani?"

Kabla hatujaondoka, ilipokaribia saa moja usiku, mawingu yalifunguka kidogo na mwezi ukaonekana nyuma ya mawe, karibu umejaa. Nikamwambia Baba kwamba nilikuwa katika igizo la Noeli nikiwa darasa la nne na nilimtafuta. Akasema, "Najua. Mama yako aliniambia ulivaa gauni la bluu. Nilikuwa naangalia taa za kanisa kutoka kule majini." Sikujua kwamba taa za kanisa zilionekana. Miaka yote ile mimi nilikuwa naangalia taa yake, yeye anaangalia yetu.

Jumamosi ya Juma hilo, mwanangu alikuja Mkesha wa Pasaka. Hakuvaa kanzu ya utumikiaji. Alikaa karibu nami, benchi la nyuma, kwa hiari yake. Wote mnajua namna Padri anavyouchora mshumaa: msalaba, Alfa na Omega, kisha tarakimu nne za mwaka, akitamka kwamba nyakati zote ni za Kristo. Nimeliona tendo hilo tangu utoto, na siku zote nililihesabu kama maandalizi ya kungojea moto uwashwe. Usiku ule nilimwona mwanangu amenyanyua shingo, anafuatilia kila tarakimu: mbili, sifuri, mbili, nne.

Tulipotoka ilikuwa usiku mwingi. Kanisa letu liko mlimani na ziwa linaonekana. Mwezi, ambao sasa ulikuwa unachelewa, ulikuwa umetoka muda si mrefu. Kwa mbali kulikuwa na taa chache juu ya maji.

"Wamewahi giza la mwanzo, kabla mwezi haujatoka," mwanangu akasema. Nikajua ameongea na babu yake.

Mwezi Novemba mwaka huohuo nilinunua bahasha ya nia ya Misa, nikaiacha mezani bila kusema neno. Niliporudi kutoka kazini nilikuta imejazwa kwa mwandiko wake. Jina la baba yake lilikuwepo. Mahali pa tarehe aliandika 14 Novemba, na pembeni, kwa herufi ndogo, Siku Isiyohesabiwa. Padri alizisoma zote mbili altareni kama zilivyoandikwa. Wengine waligeuka kutazamana. Misa ilipoisha hakuna aliyetupa pole, kwa sababu nilikuwa nimewaomba wanajumuiya hivyo, nao, Mungu awabariki, walitukalia tu. Yule mama wa mchango alikaa nasi hadi jioni. Alimenya viazi na hakusema kitu.

Ndugu yangu msomaji, sijui nyumbani kwako kuna daftari gani chini ya godoro gani. Sisemi kila kilichofichwa ni chema. Nasema uliza kabla ya kuwasha moto, kwa sababu mimi nilikuwa na jibu la swali langu mita tatu kutoka kwenye jiko, limesimama mlangoni, na sikuliuliza. Daftari la mwanangu bado lina ule ukingo uliochanika. Huwa naupitia kwa kidole ninapomfungia vitabu vyake, na namwomba Mungu, ambaye hakumpoteza Teresa kati ya tarehe 4 na tarehe 15, aitunze na siku ile ambayo mimi niliichoma.